Ya Tano Imetoka, Tata

Mpendwa tata, baba yangu,

Shikamoo. Ya tano imetoka. Ile filamu yako ya matajiri wanaomwinda binadamu kama swala, uliyoifuata toka ya kwanza mpaka ya nne bila kuchoka, imefika Nyansurura kwenye flashi, na wajukuu zako hawakunipa nafasi ya kupumua.

Bado nakuona kwenye kiti chako, ng'ombe wameshanywa maji, jua la alasiri limeingia mlangoni na kuifuta nusu ya runinga, watu wa ndani yake wanaelea tu. Filamu zenyewe zilikuwa za kuungaunga, tusidanganyane. Bunduki zilitoa moshi bila mlio. Yule anayewindwa aliupita mti uleule mpaka nikauzoea. Mimi nacheka, wewe unasikitika: "Masikini, amepotea. Anazunguka palepale."

Halafu kila toleo lilikuja na mwigizaji mwingine. Wa kwanza mrefu, wa pili mfupi mwenye kitambi, wa tatu ndevu tupu. Nikakwambia, tata, hawa ni watu tofauti. Ukakataa katakata. "Ni yuleyule! Wewe ukikimbizwa porini miaka yote hiyo, utabaki na sura yako?" Aisee, nani angekuweza?

Ya nne iliisha akiwa bado porini, anahema. Hukuinuka kitini mpaka mama alipokuita kula.

Ukaja kuugua. Asubuhi ile hospitalini Mugumu pazia lilikuwa linapepea, na wewe unazinduka, unapotea tena. Hukuuliza ng'ombe, hukuuliza shamba. Ukaniuliza, "Bhoke, yule mtu alifika kwao?"

Ya tano haikuwepo, tata. Nikakaa pembeni ya kitanda nikakusimulia hivyohivyo: alisikia kengele za ng'ombe, akazifuata taratibu, akatokea nyuma ya nyumba yao, mama yake anapepeta ulezi.

"Alimtambua? Na sura zote zile?"

"Alimtambua, tata. Sura hata hakuiuliza."

"Basi vizuri," ukasema, ukalala. Hukuamka tena.

Nimekukumbuka mno. Kuna siku natoka nje alasiri, vumbi la mifugo limejaa njiani, namwona kila mzee anayekuja ni wewe, mpaka anisogelee.

Jana tukaiweka. Tata, hata jina la filamu halijaandikwa, mtu wako akapigwa risasi, akaanguka majanini. Safari hii ni kijana mwenye kipara. Watoto wote wakanigeukia. Yule mdogo kabisa midomo ikaanza kumtetemeka. "Mama, ndo yule wa babu?"

Mimi niliyekubishia miaka yote, nikasimama mbele ya runinga.

"Huyo si yeye," nikawaambia. "Angalieni vizuri sura. Wa babu yenu alishafika kwao zamani."

Lala salama, tata.

Binti yako mbishi