Koti la Mrefu

Jumamosi, 3 Mei 2025
Filamu bubu ya mwezi huu, ukumbi wa kanisa, Guildford, kwa Waswahili wa hapa Uingereza: marafiki wawili waliofulia, Mrefu na Mfupi, koti moja kwa zamu. Mmoja akitoka, mwenzake anabaki chumbani na blanketi. Mimi na Rhoda, ninayeishi naye, tukawatia sauti kwa Kiswahili, kama madijei wa vibanda vya video kwetu Moshi. Yeye Mfupi, mimi Mrefu. Maneno yangu niliyaandika yote kabla. Watu walicheka — zaidi kwa Rhoda.

Jumapili, 11 Mei 2025
Rhoda kaja na Gakii, Mkenya wa kazini kwake. Wakaijaribu ile ile sebuleni kwetu. Gakii hana hata karatasi! Mrefu anavaa koti, yeye: “Manze, usinikazie macho hivyo. Leo niko na deti!” Rhoda akaanguka kwenye kochi kwa kicheko. Kwangu hajawahi kuanguka.
Kisha ananiambia: “Shoga yangu, Jumamosi tukiirudia ukumbini, Gakii awe Mrefu. Wewe una mkono mtulivu, shika kompyuta, utuwekee filamu.”
Nikasema sawa. Mkono mtulivu!

Jumatano, 14 Mei 2025
Wanafanya mazoezi. Kicheko kinapenya ukuta. Nimekunja nguo zilizokwisha kunjwa.

Jumamosi, 17 Mei 2025
Nimefanya. Nimeweka filamu nyingine — Mrefu na Mfupi kwenye kitanda kimoja. Mimi na Rhoda tuliitazama mwaka wetu wa kwanza hapa, tulipokuwa na godoro moja. Gakii hajaiona.
Kakwama! “Eh, na hii kitanda imetoka wapi?” Hakuna anayecheka. Nikafurahi, kweli nikafurahi. Lakini Rhoda, anayeijua yote, hakumwokoa. Kageuka, kanitazama.
Nimekimbilia jikoni, hapa hapa ukumbini, na daftari hili. Filamu inaendelea yenyewe.
Sasa namsikia Rhoda, kwa sauti ya Mfupi: “Mwenzangu! Blanketi lote umelivuta peke yako. Niachie hata pembe!”
Watu wanacheka. Wanadhani ni filamu.
Ni zamu ya Mrefu.
Gakii kagonga. “Domina, si ukuje? Huyu jamaa anafungua mdomo tu, hana sauti.”
Kaupenyeza mkono mlangoni na maiki. Mkono haurudi.
Rhoda anaita tena: “Mwenzangu, umelala?”