Siku Enanga ya Baba Ilipolia Ghalani

Mjukuu wangu Alinda,

Marahaba. Hapa Nyaishozi hatujambo. Babu yako amepona mguu na maharage tumeshavuna. Unauliza kama kuna mtu anayesikiliza muziki unaozitungia filamu, maana wote wanatazama picha tu.

Enzi za Mwingereza, nikiwa na miaka kumi, gari la sinema lilikuja kwetu. Baba yangu, mpiga enanga, kile kinanda chetu cha nyuzi, alikuwa amefariki mwaka uliotangulia. Tulifungiwa mchana ndani ya ghala la kahawa, giza litusaidie kuona, na picha zikaanza kupita ukutani. Ghafla ikalia enanga, na sauti ya baba ikiimba. Mama akasimama, akapaza sauti.

"Huyo ni mume wangu!"

Tulikuwa tumewasahau wageni waliowahi kumrekodi baba akiwa hai; kumbe sauti ile waliitia kwenye filamu.

Mama akamwendea mwendesha mashine. "Bwana, nakuomba, ziba picha, uniachie sauti."

Yule bwana akaiziba taa kwa kofia yake. Tukakaa gizani, ghala zima, tukimsikiliza baba mpaka mkanda ukaisha. Mlango ulipofunguliwa, hakuna aliyeuliza picha zilikuwa za nini.

Babu anakusalimu sana.

Ni mimi, bibi yako.