Walikunywa Chai Meza Moja

Alhamisi, alasiri.

Mvua imekataa kunyesha na mimi nimekataa kula. Jua limekaa juu ya bati la ghala la korosho kana kwamba limetumwa kutuchoma sisi peke yetu. Dada ameniwekea ugali wa muhogo na kisamvu, nimeufunika. Mimi! Mimi ninayeitwa nyumba za watu nikawasaidie kumaliza sufuria! Basi ujue hasira ya leo si ya kawaida.

Nimeishia darasa la sita. Lakini darasa la sita langu linatosha kujua kwamba serikali ni moja. Tumeimba hivyo, tumeandamana hivyo, na hivyo hivyo tumehamishwa kwenye mashamba ya babu zetu tukaletwa kijiji hiki cha ujamaa. Sasa mbona leo uani kwetu zimekuja mbili?

Nianze na Saidi. Saidi ni kaka yangu, utingo wa lori. Msimu uliopita lori lao lilipeleka unga vijiji vya mbali kusini, karibu na mto Ruvuma. Ng'ambo ya mto anatawala Mreno, na ndugu zetu wa Msumbiji wanapigana naye wapate uhuru wao. Askari wa Mreno wakavuka, wakachoma lori, wakaondoka na Saidi. Tangu hapo kimya. Watu walitaka tumsomee hitma. Mama akakataa. Alisema hasomewi hitma mtu aliyeahidi kupaka chokaa ukuta wa nyuma na hajaupaka. Ukuta mpaka leo uko vilevile, na atakayeugusa Mama atamtoa roho.

Halafu akaanguka Manueli.

Hapa lazima nijisifu, maana nikingoja nisifiwe nitazeeka. Ndege ya Mreno ilikuja kutupeleleza, ikaharibika yenyewe huko juu, ikaenda kufia porini upande wa Kitomanga. Rubani akashuka na mwavuli wake, akanasa kwenye mkorosho wa mjomba. Watu wakatawanyika, wa kwanza wakiwa mgambo wenzangu, wale mashujaa wa gwaride. Aliyebaki chini ya mkorosho ni nani? Mimi, Hamisi! Nikamwambia, "Shuka, ama nakufuata huko huko!" Kiswahili hajui, lakini panga halihitaji mkalimani. Akashuka.

Sawa, alishuka kwa sababu tawi lilikatika. Hilo mjini sikulisema.

Tukamfungia ghalani, mimi nikawa mlinzi, Mama akawa mpishi. Manueli ni kijana tu, ana chunusi. Siku ya kwanza alikinusa kisamvu kama mtu anayetafuta sumu. Haikupita wiki akawa anakwangua sahani. Nikamfundisha kusema shikamoo, akawa anamwamkia hata mbuzi akipita mlangoni. Nilimchukia kwa ajili ya Saidi, nasema kweli, lakini mtu anayemwamkia mbuzi ni vigumu kumchukia kutwa nzima.

Sasa haya yanayofuata mimi nimeyajua leo mchana. Leo!

Kumbe wiki mbili zilizopita, siku ya Ijumaa, nikiwa ghalani nalinda, alikuja nyumbani bwana mmoja kutoka Dar es Salaam, wa mambo ya nje, suti ya mikono mifupi na mkoba mweusi. Mimi namwita Bwana Mkoba. Alifunga mlango, akamwambia Mama: Saidi yu hai. Yuko kifungoni kwa Mreno. Kuna nchi nyingine imejitia katikati kusuluhisha, na Mreno anaelekea kukubali: Manueli arudi kwao, Saidi arudi kwetu. Sharti ni kimya. Maana Mreno amewaambia watu wake kwamba hakuna ndege yake yoyote iliyopotea. Rubani akitajwa hadharani, kila kitu kimekufa.

"Kwa hiyo mama, usimwambie mtu. Mwenyekiti wa kijiji nimeshamuonya. Hata akija askari akakuuliza, wewe hujui kitu. Na huyu mwanao mlinzi ndiye usimwambie kabisa."

Bwana alinijua mara moja, simlaumu.

Mama akabaki na habari ile kifuani. Mtoto wake yu hai na hana ruhusa ya kumwambia hata mwenzake kinuni. Jioni ile nilimkuta anatwanga huku anatabasamu peke yake, nikamtania, "Mama, umeposwa?" Akanitupia pumba. Nikadhani ni mzaha.

Kesho yake Jumamosi akaja Kapteni wa jeshi. Mngoni wa Songea, mrefu, sauti kama anaongea ndani ya pipa. Na alikuja kwa adabu zake zote, simsingizii. Aliwaamkia wazee, akatukusanya, akauliza mbele ya kijiji kizima:

"Ndugu zangu, kabla sijamchukua mtu huyu, kuna yeyote wa serikali aliyefika hapa kwa habari zake?"

Sisi tumefundishwa siri, jamani. Kila mkutano ni adui ana masikio, adui ana masikio, mpaka watoto wanaimba wakicheza. Mwenyekiti akatazama ndala zake. "Hakuna, afande."

Kapteni akamgeukia mpishi. "Na wewe, mama?"

"Sijui kitu, baba."

Mama yangu alisema hivyo! Alimtazama Manueli akipandishwa gari, na akafyata ulimi, kwa kuwa serikali ilimwambia afyate. Akaingia ndani. Mimi nikadhani ni kichwa kinamuuma.

Sikwenda kumwangalia, maana nilikuwa najipakia kwenye Land Rover. Kapteni alisema, "Aliyemkamata na aje," na nani wa kukataa? Kesho yake tukamtembeza Manueli uwanjani Lindi, watu wamejaa mpaka juu ya miti, wapiga picha wamekuja, hata wazungu wa magazeti ya nje. Nikasimama ubavuni mwake, panga begani, meno yote nje. Redio ikatangaza. Gazeti likatoka. Shangazi yangu wa mtaa wa Mtanda akaibandika picha ile dukani kwake, wanaonunua chumvi wote waione. Nikarudi kijijini natembea katikati ya barabara kama barabara ni ya baba.

Na Mama hakuniuliza hata neno moja juu ya safari yangu. Nikanuna. Mjinga mimi!

Leo mchana, baada ya adhuhuri, Bwana Mkoba amerudi. Salamu hakuna. Ametoa gazeti mkobani, amelitandaza mkekani mbele ya Mama na Mwenyekiti, kisha akaniona mimi mlangoni. Akatazama picha, akanitazama mimi.

"Ndiye wewe."

"Ndiye mimi," nikasema, na Mungu anisamehe, nilicheka.

Akaanza kusema, na kila alichosema kilinikata maini. Alikuwa mezani na wale wasuluhishi. Mambo yameiva, limebaki la kutia saini. Likaletwa gazeti hili hili. Mreno akasimama, akafunga faili lake, akatoka. Bwana Mkoba akamgeukia Mama: "Mama, kwa nini hukumwambia Kapteni kwamba nilikuja?"

Mama akamjibu polepole. "Mwanangu, wewe ndiye uliyeniambia nisimwambie."

Ndipo nilipofahamu kwamba Saidi yu hai. Hapo hapo, nikiwa nimesimama na meno yangu.

Sikuwahi hata kufurahi. Kabla furaha haijafika ilikuwa imeshageuka.

Kapteni naye akafika, maana Bwana Mkoba alikuwa ametuma aitwe. Gari la pili likaegeshwa nyuma ya la kwanza, kuku wetu wakakosa pa kukaa. Kapteni akashuka, akamwona mwenzake, akakunjua uso.

"Aa! Kumbe ni wewe ndugu! Si tulikunywa chai pamoja pale nyumba ya wageni, Lindi?"

Walikunywa chai! Asubuhi ile ile ya Jumamosi! Mmoja anatoka kwa Mama, mwingine anakuja kumchukua Manueli. Wamelala nyumba moja, wamekaa meza moja, wameombana sukari. Huyu amemuuliza yule, "Safari ya wapi?" Yule akajibu, "Huku na huku tu, kazi za serikali." Na yule akamuuliza huyu, na huyu akajibu hivyo hivyo. Halafu wakasifiana kwa kujua kutunza siri! Bwana Mkoba mwenyewe amekiri alimwambia mwenzake, "Nafurahi kuona jeshi letu linajua kunyamaza."

Nilitaka kulia, nikaona bora nitukane, nikakumbuka Mama yupo.

Bwana Mkoba akamweleza Kapteni habari za wasuluhishi na za utingo Saidi, kisha wakaanza kubishana, kwa heshima kubwa, ndugu huku ndugu kule.

"Ndugu Kapteni, jambo kama hili mngetuuliza kwanza."

"Ndugu, niliuliza. Niliuliza kijiji kizima."

"Si kijiji! Sisi!"

"Na nyinyi mngetuambia. Nitajuaje nimuulize nani, kama hata kuwepo kwenu ni siri?"

"Rubani yuko wapi sasa? Wale wasuluhishi wamesema wanaweza kujaribu tena, kama tu yuko mikononi mwetu na tukanyamaza kuanzia leo."

Kapteni akajikuna shingo. "Yuko Lindi. Kesho asubuhi anakabidhiwa kwa wapigania uhuru, wampeleke kambini kwao. Amri imeshatoka."

"Amri ya nani?"

"Ya wakubwa wangu."

"Wakubwa wangu hawana habari!"

"Na wakubwa wangu hawana habari za kwenu."

Kila mmoja akaangalia viatu vya mwenzake. Mwenyekiti akasema tuwape maji. Maji! Nikaona nikikaa kimya nitapasuka.

Kapteni ni Mngoni, mimi ni Mmwera, na Mngoni kwetu ni mtani. Anaweza kuwa na nyota begani mpaka zikamwangukia, bado ni mtani. Nikamwendea, nikasimama chini ya kidevu chake.

"We Mngoni! Babu yako alikuja huku kwetu kuteka watu. Tukasema yamekwisha, sasa ni ndugu. Kumbe mjukuu umekuja kuteka hata yule wa kumkombolea kaka yangu!"

Kapteni akacheka. Alikuwa hana budi, mtani hakasirikiwi. Akafungua mdomo anirudishie, labda la Wamwera na ulafi wao. Kicheko kikamfia usoni, na nikaona hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba utingo yule ana mama, na mama yule ndiye mpishi ambaye yeye Kapteni alimuuliza siku ile kwa sauti yake mwenyewe.

"Saidi ni mwanao?" akamuuliza Mama.

"Wa kwanza."

"Na siku ile ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa najua, baba. Nilikatazwa."

Bwana Mkoba nikamgeukia pia. Yeye si mtani wangu, ni mtu wa Bara huko, sikuwa na kibali. Nikamwambia hivyo hivyo. "Na wewe bwana, uliogopa mdomo wangu. Wenzako wana redio na magari, mdomo wangu mimi ungefika wapi? Ungefika Kitomanga ukachoka!" Mwenyekiti akanishika shati. Nikamwachia shati.

Mama akajifunga kanga ya pili, akavaa ndala, akafungua mlango wa gari la Bwana Mkoba, akakaa nyuma.

"Mama, shuka, tafadhali," Bwana Mkoba akasema. "Nitakwenda Lindi, nitaongea na wahusika."

"Wahusika si nyinyi? Ingieni."

"Kapteni ana gari lake."

"Mkienda na magari mawili mtafika na maneno mawili. Mimi sishuki."

Akaketi, mikono mapajani, anatazama mbele kama abiria aliyelipa. Bwana Mkoba akamtazama Kapteni. Kapteni akatazama mbingu. Kisha akamwita dereva wake, akamwambia mbele yetu sote, "Tangulia. Kimbia. Waambie Mreno yule asitolewe pale mpaka nifike mimi mwenyewe. Wakiuliza sababu, sema nakuja nayo." Land Rover ikatimua vumbi. Na yeye, na urefu wake wote, akajikunja kiti cha mbele kwenye gari la mambo ya nje, magoti yamegusa kidevu.

Nikataka kuingia. Mama akaniambia, "Wewe baki na dada yako." Kapteni akachungulia dirishani.

"Mtani, tuombee."

"Sikuombei," nikamwambia. "Mlikaa meza moja."

Gari likaondoka. Sasa hivi watakuwa katikati ya njia, Mama nyuma yao, na wale wawili wanatafuta neno la kumwambia mkuu wa mkoa huko Lindi, neno moja. Labda Manueli watamkuta. Labda dereva amepasukiwa tairi. Labda Mreno atakubali kukaa tena, labda amekwisha kukasirika na anayemlipia hasira zake ni Saidi huko aliko. Sijui, na hakuna wa kumuuliza. Mwenyekiti ameshaniambia mara mbili nisilitangaze. Nikamuuliza nimtangazie nani tena, redio imeshamaliza.

Dada anasema nisiwalaani, ni watu wazima, kila mmoja alitimiza alichotumwa, na wote wawili walitaka mema. Najua walitaka mema! Hicho ndicho kinachonichoma. Wangekuwa wabaya ningepata pa kushika.

Anasema nile, hasira itapoa.

Siipozi. Ikipoa nitaanza kuwaelewa, na mimi sitaki kuwaelewa watu hawa kabla Saidi hajaingia kwa mlango huu, akalalamika kwamba njia ni mbaya, akaulizia maji ya kuoga.