Kuku wa Mama Gasana na Jina Nisiloruhusiwa Kulitaja

Kwako Mama, uliyenizalia mume,

Nimekaa kwenye kigoda chako, jikoni kwako hapa Gahanga. Paa halipo, mabati wameyang'oa yote, kwa hiyo moshi unapanda juu moja kwa moja wala haunigusi macho. Ukiona nalia, basi nalia tu, sina cha kusingizia. Nimeinjika kuku. Ni jogoo niliyetoka naye Nzega, amefungwa miguu chini ya kiti cha lori, maana huku kwenu siku hizi kuku hayupo hata wa dawa. Yuko motoni tangu asubuhi.

Kesho tunakuzika, Mama. Wewe na mume wangu Gasana, na ndugu zenu wengine waliotolewa kwenye shimo la nyuma ya shamba la maharage. Wewe nilikutambua kwa kile kitenge cha bluu nilichokuletea. Sitaandika zaidi ya hapo.

Kuku huyu ni wa watu waliochimba, wengi wao hawakukujua hata kidogo, wamerudi juzijuzi kutoka Burundi, wakashika majembe bila kuombwa. Nimewaambia watakula kuku wa Mama Gasana. Lakini si kuku anayeninyima raha. Jana Mzee Yohana, seremala anayetengeneza misalaba, alinifuata na brashi yake ya rangi mkononi.

"Na huyu mama, jina yake?"

"Mama Gasana."

"Ba Mama Gasana iko wengi, dada. Jina yake mwenyewe."

Nilifungua mdomo nikaufunga. Akadhani silijui. Akaenda kumuuliza Mama Fidela, jirani yako, ambaye ndiye peke yake aliyebaki kwenye mstari mzima wa nyumba hizi. Naye akamwambia kwamba miaka yote alikuita kwa jina la mwanao, kama ulivyomwita yeye kwa jina la binti yake. Basi nimebaki mimi. Mkamwana, mtu anayekatazwa na mila yenu kulitaja jina la mama mkwe, awe hai au awe marehemu, ndiye pekee anayelijua! Kesho kila mtu atasimama mbele ya sanduku la wa kwake, ataje jina, na Mzee Yohana aandike. Nisipotaja, msalaba wako utaandikwa Mama Gasana, kana kwamba hukuwahi kuwa mtu wa mtu kabla ya kuzaa.

Unakumbuka nilivyoijua mila hiyo? Ilikuwa mwaka wa tisini, kabla vita havijaanza kule kaskazini. Gasana alikuwa akipita Nzega na lori lake, anasimama kunywa chai kibandani kwa mama yangu, na kwenye barua zake alinitajia jina lako mara nyingi mpaka nikalipenda kabla ya kukuona. Nilipoletwa hapa bibi harusi, ua umejaa wageni, nikataka kuonyesha kwamba mimi si mgeni kihivyo. Nikapiga magoti, nikasema kwa sauti ya kujigamba, "Shikamoo, Mama," halafu nikaliweka jina lako lote, alilokupa baba yako. Jamani! Shangazi zake Gasana walishika midomo. Gasana aliangalia viatu vyake kana kwamba amevikuta njiani.

Wewe hukumwacha mtu aseme neno. Ulinishika mkono ukanivuta jikoni, humu humu, ukafunga mlango kwa mgongo. Nilijua nitapigwa. Kumbe mabega yanakucheza kwa kicheko.

"Mtoto ya Tanzania," ulisema, "jina yangu iko nzuri, eh?"

"Nzuri, Mama."

"Basi ukae nayo hapa ndani." Ukanigonga kifuani kwa kidole. "Isitoke tena. Sasa kata kitunguu."

Ndiyo siku niliyoanza kupika kuku wako. Kwanza mafuta ya mawese, yachemke mpaka rangi ipauke, kisha vitunguu, nyanya, majani ya seleri. Nyama unaitia baadaye, unafunika, na moto unaupunguza mpaka unakuwa kama umesinzia. Karanga zilizotwangwa zinaingia mwishoni kabisa. Mimi kwetu kuku ni jambo la saa moja na watu wamekula. Wewe ulimpa nusu ya siku, na nikichochea kuni ulikuwa unazitoa. "Wewe iko na haraka. Nani anakufukuza?"

Kitu nilichokuja kukigundua baada ya siku chache nilikiona kichekesho. Yaani hukuwahi kumla! Wanawake wa rika lako walilelewa hivyo, kuku si chakula cha mwanamke, na wewe ulishika mila hiyo mpaka mwisho. Ulipika sufuria ambayo watu walikuja kuifuata kutoka Kimihurura kule mjini, na hujui nyama yake inashika meno vipi. Ulipika kwa pua. Unafunua kwa ncha ya kitenge, unafumba macho, unavuta mvuke, halafu unasema, "Bado kulala," au unasema, "Sasa." Chumvi tu ndiyo ilikushinda, maana chumvi haina harufu. Kabla yangu ulikuwa unaita yeyote anayepita njiani aje aonje. Nilipokuja mimi ukaacha. Ulinimwagia mchuzi kwenye kiganja, ukanikodolea macho. "Chumvi iko?" Nami nalamba, najifanya nafikiri, nakuchelewesha makusudi mpaka unanipiga kofi la bega.

Ulikuwa mchokozi, usikatae. Ulijua siwezi kulitaja jina lako, na hapo ndipo ulipopata mchezo. Siku ile sokoni Kabuga, muuza nyanya akauliza mzigo ni wa nani, ukanisukuma mbele. "Mwambie, mwanangu. Mwambie iko ya nani." Nikasema ni wa mama yangu. "Mama yako nani?" Ni wa huyu hapa. "Huyu hapa hana jina?" Muuza nyanya na wenzake wakaelewa, soko zima likawa linacheka, na mimi jasho linanitoka. Kiswahili chako ulijifunza kwenye soko hilo hilo, cha kubishana bei, na ulikitumia kunibishia mimi nyumbani. Nilikasirika njia nzima. Tulipofika ulinimenyea ndizi mwenyewe, mimi nikakaa.

Halafu ikaja Oktoba. Vita vikaanza, askari wakamkamata Gasana na wengine wengi kwa sababu ya kabila lao tu, na kwa miezi hatukujua kama yuko hai. Hukumpika kuku hata siku moja. Majogoo wakazeeka uani, wanawika, na wewe ukawa unawapita kama huwaoni. Nami sikuthubutu kuuliza. Aliporudi, mwaka uliofuata, amekonda mpaka sikumjua, hukulia. Ulimtazama kutoka kichwani hadi miguuni, ukasema, "Mkamwana, shika ile kubwa." Tulimkimbiza jogoo yule mimi na wewe, kanga zinatuvuka, Gasana amekaa kizingitini anacheka mpaka anakohoa. Nilikuwa sijakuona na furaha ya namna ile. Alipokula ulikaa mbele yake ukimhesabia matonge kwa macho, na kila akipumzika unamwambia, "Kula. Kula tena." Naipenda siku ile kuliko siku ya harusi yangu.

Miaka iliyofuata tuliishi kwa kusikilizia redio na kwa kunong'ona. Mwanzoni mwa mwaka huu nilipokuwa na mimba, nikasema nikajifungulie kwa mama yangu, twende wote, hata Gasana alikuomba. Nilikubembeleza, Mama. Nilikuambia Nzega kuna nafasi, kuna nyanya, kuna soko la kubishana. Ulinipangusa mikono kwa kitenge chako kama mtoto.

"Nikienda, kuku nitamuachia nani?"

Nilikuona mkaidi. Nilipanda lori nimenuna, nikakuaga kwa nusu mdomo, maana nilijua nikishajifungua nitarudi tuendelee kugombana. Gasana akabaki kwa sababu hakutaka kukuacha peke yako. Sisemi ni kosa lako. Waliowaua ni wale walioshika mapanga, na wengine ni watu waliokula kwenye sufuria hii. Hilo linanichoma kuliko nitakavyoweza kukueleza. Walijua kuku unampika vipi!

Mjukuu wako alizaliwa Mei, msichana, ana paji la uso lako hilo hilo la kutokubali maneno. Yuko mgongoni kwangu sasa, amelala. Nakupenda, Mama. Sikuwahi kukuambia kwa sababu kwetu na kwenu watu hawaambiani hivyo, wanapeana kazi za jikoni.

Sasa hivi nimeonja. Chumvi ipo, hiyo naijua, hiyo ilikuwa kazi yangu. Nimefunua, nimefumba macho, nimevuta mvuke kama wewe. Sijui, Mama. Nanusa kuku tu. Hakuna anayeniambia bado au sasa. Na jina lako nimejaribu kulisema hapa peke yangu, mbele ya mchuzi na mawe ya jiko, ulimi umekuwa mzito. Mama yangu kule Nzega, najua angeniambia nilitaje, Mungu ataelewa. Mama Fidela ameniambia mila ni mila, na mkamwana anayeivunja analeta mkosi kwa mtoto. Baadaye kidogo akanishika mkono akasema yeye hajui, nifanye ninavyoona. Ninachoogopa si mkosi. Naogopa kukuvunjia heshima mbele za watu siku yako ya mwisho, na naogopa vilevile kukuzika bila jina. Wacha nitie karanga.

*

Mama, ni Jumapili alasiri. Naimalizia barua.

Kuku ameliwa, nianze na hilo. Hakubaki hata mfupa wenye nyama. Mama Fidela, ambaye naye hali kuku kama wewe, alishika sahani akainusa muda mrefu, akasema, "Harufu iko karibu." Karibu tu. Sikumbishia.

Kabla ya hapo tulisimama kwenye mstari. Kila mtu alitaja wa kwake, wengine kwa sauti, wengine kwa kwikwi. Nilimtaja Gasana, hilo nililiweza. Kisha Mzee Yohana akasogea mbele ya sanduku lako na brashi yake, akaniangalia, hakuniuliza. Mtoto alikuwa ameamka.

Nikasema: Nyirabahire.

Nililisema lote, kama ulivyopewa, mbele ya watu, mimi mke wa mwanao. Halafu nikainamisha kichwa nikasubiri. Nilitaka mtu akohoe kwa hasira, shangazi mmoja tu aseme, huyu mwanamke kaokotwa wapi asiye na adabu. Nilikuwa tayari kutukanwa. Mama, nilikuwa natamani kutukanwa. Lakini wenye haki ya kunikaripia ni nyinyi wa ukoo, na nyote mlikuwa mmelala mbele yangu kwenye masanduku. Mzee Yohana akaandika, taratibu, herufi moja moja, akaniomba nilirudie asije akakosea. Nikalirudia kwa sauti kubwa zaidi, sauti ya utovu wa adabu kabisa, mpaka bonde likaitika, na hakuna mtu hata mmoja aliyenikataza.

Pumzika, Mama. Pumzika, Nyirabahire.

Ni mimi mkamwana wako.