Vidonge Nilivyompa Paka wa Mama Mkwe

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako, maana usingizi umenikimbia na hapa nyumbani sina wa kumwambia. Mimi ni muuguzi, nafundisha akina mama uzazi wa mpango, na mama mkwe wangu tunayeishi naye ana paka jike asiyepumzika kuzaa, safari iliyopita alizaa watano, wanne tukawaokota wamekufa nyuma ya choo, nikasema mama, tumpeleke kwa daktari wa mifugo akafungwe kizazi, akanijibu mbele ya mume wangu, "Wewe umeishia watoto wawili, sasa unataka umfunge na paka wangu?" basi moyoni nikasema dawa si ninazo, nikawa nasaga vidonge vyangu mwenyewe vya kuzuia mimba namchanganyia kwenye samaki, miezi minne, na kweli hakuzaa, nikajiona mjanja, kumbe! Sasa tumbo limevimba, hali chochote, anakunywa maji tu, na nyuma anatokwa na usaha unaonuka, naye mama mkwe anafurahi akidhani ni mimba, amemtandikia kitenge chake kwenye boksi na kila asubuhi anamwambia, "Jikaze mwanangu, bado kidogo." Nikisema nitaitwa mchawi, nisiposema roho inanisuta, nifanyeje?

Muuguzi mwenye hatia

Dada muuguzi, pole, lakini pole yangu ni fupi. Mama mmoja angekuja zahanati kwako na tumbo hilo na usaha huo, ungemwambia arudi nyumbani akaandike barua gazetini? Unajua fika hiyo si mimba. Kizazi kimeoza. Wewe unayewafokea watu kwa kuazimana dawa na jirani, ukampa paka vidonge vya binadamu! Jamani!

Mpeleke kwa daktari leo, si kesho. Mtajie kidonge gani na kwa muda gani, usifiche hata kimoja. Atamtoa kizazi, kazi ileile ambayo ingefanyika akiwa mzima, ila sasa huenda asiamke.

Na kabla hujatoka mlangoni, mwambie mama mkwe. Atakutukana, mwache akutukane. Ukaidi wake nao una makosa, ila hilo si la kumwambia leo.

Barua yako uliiandika Jumatatu ya wiki iliyopita, nami nimeipata leo. Ikiwa paka ameshakufa, huyo mama anaamini alikufa kwa uzazi, na anajilaumu kwa kukataa ushauri wako. Usimwache hivyo. Nenda ukamwambie ni wewe.