Niliusahau Uzito wa Chuma

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta hapo Pasiansi ukiwa mzima, na lile goti limeacha kukusumbua ukipanda mawe ya nyumbani. Na Mama, presha yake imeshuka? Mimi sijambo, ila baridi ya huku Ujerumani haina adabu.

Uliniuliza kama wameniajiri. Kwanza sikia nilivyotaka kuharibu.

Kiwandani tunatengeneza vibao vya shabaha kwa wanaocheza na upinde wa kulazwa, wenye kitako na kifyatulio kama bunduki. Mshale wake ni mfupi. Siku ya mwisho ya majaribio, msimamizi wetu, mama asiyecheka ovyo, alinipa mmoja nitafute nishati ya mwendo, yaani nguvu unayobeba ukiruka, tujue unene wa kibao. Nikikosea, narudi nyumbani.

Hesabu si ngumu: uzito kwa kilo, mara kasi, mara kasi tena, gawa kwa mbili. Kasi ilikuwa mita mia moja kwa sekunde. Nikafungua chuma cha mbele, nikapima mti: gramu kumi na sita. Jibu, jouli themanini. Nikatulia, nimemaliza!

Kabla ya kulipeleka, nikarudisha chuma, nikafyatua mara moja kwenye kibao cha zamani, nikahesabu matabaka yaliyotobolewa kama ulivyokuwa ukihesabu magunia mabichi ukijaribu mishale yako. Jouli themanini huishia tabaka la tatu. Mshale ulifika la tano.

Jasho lilinitoka, baridi yote ile. Ndipo nikakumbuka: nyumbani tulipima miti mitupu kwa sababu kila mteja alikuja na chuma chake kutoka kwa mhunzi. Mkono wangu ulifanya mazoea ya kwako! Nikaupima mshale mzima na chuma chake: gramu ishirini na tano. Jouli mia moja ishirini na tano, Baba. Ni kama sangara wa kilo kumi na mbili na nusu akidondoka kutoka kiunoni kwako.

Na wewe ulikuwa unajua. "Usinenepeshe mti, mwanangu, vuta uzi zaidi." Kumbe kasi inaingia mara mbili kwenye hesabu, uzito mara moja tu. Nani alikufundisha? Nakuvulia kofia.

Kazi nimepata. Msimamizi aliuliza nimejifunza wapi kuhesabu matabaka, nikaona haya, nikasema ni kwa fundi mmoja wa nyumbani. Sekondari niliwaambia wenzangu wewe ni seremala. Nisamehe, Baba.

Nisalimie Mama, kaka na mke wake, na shangazi wa Kirumba, mwambie dagaa zake zilifika na majirani wanalalamikia harufu.

Leo nimejaza fomu ya ajira. Kuna mahali wanauliza kazi ya baba. Nimeandika kwa herufi kubwa: FUNDI WA MISHALE.

Binti yako anayejivunia kuwa wako,
Kabula