Sufuria ya Bi Zuhura

Mwanangu Saidi,

Hujambo? Mimi mzima, ila joto la Dar linanikomoa. Leo Bi Zuhura, mwenye nyumba wa mjomba wako, amenitembeza Kariakoo, sisi wawili tu, kunionyesha ilikoanzia ile bendi unayoisikiliza redioni. Tumeona baa walikopiga mara ya kwanza, na fundi aliyewashonea mashati. Mwisho tukaingia uani kwake, akanitolea sufuria iliyobonyea.

“Hii ndiyo ilikuwa ngoma yao, shoga. Niliwafukuza kwa mwiko, wakarudi. Sasa hata wali sithubutu kupikia humu.”

Nimeishika kama mtoto mchanga.

Saidi, gitaa lako halikuibwa. Limo uvunguni mwa kitanda changu, nyuma ya gunia la mpunga. Litoe. Mungu akulindie vidole.

Mama yako